Kutoka ripota wa nje mpaka dokumentari yako ya kwanza: mwongozo kamili, hatua kwa hatua

Nauandika huu mwongozo kwasababu wenzangu wananiletea kazi zao niziangalie, watu walioripoti Goma, Bujumbura, Juba, Mogadishu, watu hodari ambao ukiwapa dakika moja ya matangazo hawababaiki, na karibu wote wanakwama palepale. Mtu anakuja na dakika 50 anasema hii ni dokumentari, unakaa unaangalia, kumbe ni ripoti ya dakika tatu imevutwa. Msimulizi anaongea mwanzo mpaka mwisho, wataalamu sita, bosi wa shirika kakaa mbele ya bendera, droni inapita juu ya kambi, na mama mmoja analia sekunde ishirini afu hatumuoni tena.

Mimi mwenyewe nilifanya hivohivo. Kazi yangu ya kwanza niliipeleka kwa prodyuza mmoja, akaangalia yote kimya, akaniuliza swali moja tu: huyu baba wa dakika ya nne yuko wapi sasa? Sikuwa na jibu. Nilikaa na yule baba mchana mmoja, nikapata sentensi niliyoitaka, nikaondoka na msafara.

Kazi ya habari imetufundisha kufika mapema na kuondoka pamoja na wenzetu. Dokumentari inaanza siku magari ya waandishi yameshageuza, na karibu kila hatua utakayosoma hapa chini inatoka kwenye hilo.

Ntatumia mfano mmoja ili tuelewane. Jumamosi tarehe 22 Mei 2021 jioni volkano ya Nyiragongo, mlima ulio juu ya mji wa Goma mashariki mwa Kongo, ililipuka, lava ikashuka mpaka Buhene ukingoni mwa Goma ikasimama, tarehe 27 sehemu kubwa ya mji ikaamriwa kuhama, watu wakatembea kwa miguu mpaka Sake na wengine wakavuka Rwanda. Wiki ile waandishi walijaa. Baadae wakaondoka. Sasa tuseme kuna kijana anaendesha chukudu, kile chombo cha mbao cha magurudumu mawili cha kusukuma kwa mguu, anashusha viazi na kabichi kutoka Kibumba, na nyumba yake ya mbao Buhene imefunikwa. Kijana huyo nimemtunga kwa ajili ya somo. Twende naye.

VITU VYA KUWA NAVYO KABLA HUJAANZA

Kamera moja unayoijua hata gizani. Iwe na 4K (ubora mkubwa wa picha), iwe na uwezo wa fremu, yaani picha, 25 kwa sekunde, basi. Usiuze shamba ununue kamera mpya ambayo utajifunza vitufe vyake mbele ya mtu anayelia.

Lenzi mbili: moja ya zoom kama milimita 24-70, na moja isiyo na zoom, milimita 35 au 50, yenye uwazi mkubwa kwa ajili ya ndani ya nyumba usiku maana taa ni kibatari au tochi ya simu.

Maiki mbili, ya kubana kwenye nguo isiyo na waya na ya kuweka juu ya kamera au kwenye fimbo, zote na manyoya ya kuzuia upepo. Hedifoni za kufunika masikio. Mtazamaji anavumilia picha mbaya, sauti mbaya anazima.

Diski tatu za terabaiti 4. Piga hesabu: 4K ya megabiti 100 kwa sekunde inakula kama gigabaiti 45 kwa saa, ukipiga saa 60 ni terabaiti 2.7. Na kila kitu kiwe mara tatu, ntaeleza kwanini.

Betri sita na njia ya kuzichaji bila kutegemea umeme wa mji.

Daftari. Fomu ya ridhaa iliyoandikwa kwa lugha ya mhusika, sio kwa Kiingereza cha wanasheria.

Chanzo kingine cha kipato kwa mwaka mmoja na nusu. Hiki watu wanakiruka, na ndo kinachoua miradi mingi kuliko vyote. Usiache kazi ya ripota leo. Punguza, omba mkataba wa siku chache, fanya kazi za kutafsiri, chochote, ila mshahara wa dokumentari ya kwanza usiutegemee kwa kodi ya nyumba.

HATUA YA 1: SOMA MKATABA WAKO WA KAZI

Kabla ya yote jua picha ulizonazo kwenye diski ni za nani. Ukiwa umeajiriwa, mara nyingi kila ulichopiga kazini ni mali ya mwajiri, hata vile vipande ambavyo havikwenda hewani. Wapo watu walijenga filamu nzima juu ya picha za miaka mitatu afu siku ya kuuza wakaulizwa karatasi ya haki, wakakosa.

Njia ipo. Nenda umwambie mwajiri mapema, andikeni. Mstyslav Chernov alikuwa Mariupol akipiga picha za habari kwa ajili ya shirika la habari la Associated Press (AP) mwaka 2022, mtandao ulikuwa mbovu kiasi kwamba alichoweza kutuma kilikuwa sehemu ndogo tu ya alichopiga, na vile alivyobaki navyo mkononi ndo vikawa filamu ambayo AP wenyewe walishiriki kuitengeneza na mwaka 2024 ikachukua Oscar. Angefuta memori kadi kila baada ya kutuma klipu, kama wengi wetu tunavyofanya, kisingebaki kitu cha kutengenezea filamu.

Umefanikiwa hapa ukiwa na karatasi, hata barua pepe fupi, inayosema picha zipi unaruhusiwa kutumia na kwa masharti gani.

HATUA YA 2: CHAGUA MTU MWENYE KITU ANACHOKITAKA

Ripota anachagua mada: volkano, wakimbizi, uchaguzi. Afu anatafuta watu wa kuipamba mada. Geuza. Tafuta mtu ambaye asubuhi akiamka kuna kitu anakitaka, ni kigumu kukipata, na hujui kama atakipata. Kijana wetu wa chukudu anataka kujenga tena. Ila ajenge wapi? Juu ya lava ileile, chini ya mlima uleule uliolipuka 2002 na 2021? Mkewe anataka wahamie kwa ndugu zake Sake. Hapo tayari kuna kitu cha kukifuata miezi mingi, na volkano itaelezeka yenyewe bila mtaalamu hata mmoja.

Onyo: usichague anayeongea vizuri. Hilo ni kosa letu la kazini, tumezoea kutafuta mtu wa kutoa sentensi safi. Kwenye filamu anayeongea sana anakueleza maisha yake badala ya kuyaishi mbele yako, na mwenye maneno machache lakini mikono haitulii atakupa filamu nzuri zaidi.

Kipimo: mweleze rafiki yako asiyejua chochote kuhusu Kongo, kwa sentensi mbili. Akikuuliza "ikawaje?" umepata mtu. Akikuambia "duh, inasikitisha" bado una mada tu mkononi.

HATUA YA 3: ANDIKA SWALI MOJA

Swali liwe linajibika kwa kuona. "Je atajenga tena pale pale?" ni swali. "Athari za volkano kwa jamii" ni kichwa cha semina. Liandike kwenye jalada la daftari na kila siku kabla ya kutoa kamera lisome. Ukijikuta unapiga kitu ambacho hakiligusi, jiulize mara mbili.

HATUA YA 4: NENDA BILA KAMERA

Siku tano mpaka kumi, kamera ibaki ndani ya begi au hata hotelini. Najua inauma, tumezoea kwamba ukifika bila kurekodi umepoteza siku. Lakini fikiria, miaka yote watu wa Goma wametuona tukishuka kwenye gari jeupe tumeshawasha kamera, wao wamejifunza kutupa tunachokitaka, yaani ukimwelekezea kamera mtu aliyezoea waandishi anaanza kueleza mateso yake kwa mpangilio, kama anasoma. Humlaumu, tulimfundisha sisi.

Siku hizo tembea naye. Panda naye Kibumba alfajiri, ona mzigo unavyofungwa, ona breki ya chukudu ile ya kipande cha tairi inavyokanyagwa kwenye mteremko, nani anamlipa pale soko la Virunga na anamlipa kwa maneno gani. Andika saa za siku yake. Mwanga unaingia nyumbani saa ngapi na kutoka upande gani. Nani anapika, nani anagombana na nani. Hivi vyote ndo ratiba yako ya kupiga picha baadae.

Fiksa wako, yule mwenyeji anayekuongoza na kukutafsiria, awepo tokea siku hii ya kwanza. Na hapa niseme kitu kinachonikera kweli: miaka mingi mafiksa wa Goma na Bukavu wamefungua milango, wametafsiri, wameokoa watu, na majina yao hayajaonekana popote. Kwenye filamu yako mwandike kama prodyuza wa eneo, mlipe kwa siku kwa bei mliyokubaliana kabla, na uweke kwenye mkataba anapata nini filamu ikiuzwa.

Umefanikiwa siku utakapofika na hakuna aliyesimama kukuletea kiti.

HATUA YA 5: RIDHAA, VIBALI, USALAMA

Kitambulisho cha uandishi wa habari sio kibali cha filamu. Kenya kuna leseni ya Bodi ya Kuainisha Filamu, Tanzania kuna Bodi ya Filamu, Kongo uwe na kibali kutoka Kinshasa na ukifika mkoani ujitambulishe tena. Droni ina kibali chake peke yake kwa mamlaka ya usafiri wa anga, na kwa maeneo ya vita ushauri wangu iache nyumbani kabisa, watu wakisikia ule mlio hawajui ni ya nani. Jua pia kwamba kuruhusiwa kupiga na kuruhusiwa kuonyesha ni vitu viwili. Peter Murimi wa Kenya, mwanahabari aliyehamia kwenye dokumentari, alimfuata mhusika wake kama miaka mitano, filamu ikazunguka matamasha ya nje, na mwaka 2021 bodi ya nyumbani ikaipiga marufuku.

Ridhaa sasa. Kwenye habari mtu akikubali kuongea imeisha. Kwenye filamu ya miaka miwili ridhaa inaombwa mara nyingi: mwanzo, katikati, na akishaona filamu. Msomee fomu kwa sauti, mwambie wazi kwamba filamu inaweza kuonekana kwenye simu ya jirani yake, sio Ulaya tu. Watu wengi wanakubali wakidhani ni kitu cha wazungu huko mbali.

Na hali inabadilika. Mtu aliyekubali mwaka 2021 aongee kuhusu askari na viongozi alikubali katika Goma ya wakati ule. Mwisho wa Januari 2025 waasi wa M23 waliuchukua mji. Maneno yaleyale, sura ileile, leo yanaweza kumletea watu mlangoni usiku. Kwa hiyo kila mamlaka inapobadilika unampigia, unamuuliza upya, na kama hapatikani unachukulia jibu ni hapana kwa kila kinachoweza kumdhuru.

Kuhusu pesa: kwenye habari tumefundishwa usilipe. Mimi sinunui stori ya mtu. Ila siku nikimzuia kushuka na mzigo namfidia kipato cha siku hiyo, kiasi kilekile ambacho angepata, naandika kwenye daftari na siko tayari kuficha kwa yeyote akiniuliza. Kumla mtu siku yake ya kazi mara arobaini halafu ukaita hiyo maadili, hapana.

HATUA YA 6: KUPIGA MATUKIO

Hii ndo hatua ndefu na ndo wengi wanafeli, kwahiyo soma taratibu.

Anza na mipangilio. Fremu 25 kwa sekunde, shata 1/50, yaani kila fremu inapokea mwanga kwa sehemu moja ya hamsini ya sekunde. Sababu ni kwamba umeme wetu ni wa hezi 50, ukiweka 30 na 1/60 taa za mirija zitacheza kwenye picha na hutaweza kuiondoa vizuri. Nje kwenye jua usipandishe shata, weka kichujio cha kupunguza mwanga mbele ya lenzi. Sauti ifike kati ya desibeli -12 na -6 kwenye kipimo cha kamera pale anapoongea kwa nguvu, ikigusa sifuri imeharibika na hakuna programu itakayoirudisha kama ilivyokuwa.

Sasa mwili wako. Ripota anashika picha sekunde tano anahama, maana kwenye taarifa ya habari hakuna picha inayoishi zaidi ya hapo. Hesabu mpaka ishirini. Kijana anafunga mzigo wa viazi kwa mpira: anza kabla hajashika kamba, kaa, usihame, mwache afunge, mwache akosee, mwache aangalie mlima, mwache aondoke kabisa ndani ya fremu na chukudu lake, na ukae sekunde tano nyingine barabara ikiwa tupu. Kile kipande cha mwisho ndo edita atakachokushukuru nacho.

Kwa kila tendo pata picha tano: pana inayoonyesha pote, uso, mikono, kile anachokiangalia, na picha ya kutoka. Usimwombe arudie. Akishafunga mzigo ameshafunga, kesho atafunga mwingine, njoo kesho. Ukimwomba arudie mara moja tu kuanzia hapo ataigiza na utakuwa umempoteza kwa wiki nzima.

Funga mdomo. Sisi tuna tabia ya kuitikia "mmh", "ehee", "ndiyo" ili mtu aendelee. Sikiliza rekodi zako za zamani, uko kila mahali. Itikia kwa kichwa. Na kimya kikija usikijaze na swali. Mama akinyamaza akiwa anachambua maharage, hesabu tena mpaka ishirini, mara nyingi la maana linakuja sekunde ya kumi na tano, saa nyingine halitamkwi, anaamka tu anaenda kufunga mlango, na huo mlango ni bora kuliko maneno.

Tafuta matukio yenye watu wawili. Huu ni ushauri wangu mkubwa kuliko yote humu ndani. Mtu mmoja mbele ya kamera anaongea na wewe. Watu wawili wanaongea wao. Mume na mke wanahesabu hela za mabati, dalali na kijana wanabishana bei ya kiwanja, mtoto anauliza kama mlima utarudi. Hapo wewe hupo, na mtazamaji anaelewa kila kitu bila msimulizi.

Kabla hujaondoka sehemu yoyote rekodi sekunde 60 za sauti ya mahali penyewe bila mtu kuongea. Chumba kina sauti, soko lina sauti, upepo juu ya lava kavu una sauti yake. Bila hizo edita hawezi kuunganisha vipande, utasikia sauti inakatika kama redio mbovu.

Onyo la mwisho hapa: usipige kila siku. Siku 40 zilizotawanyika ndani ya miezi 18 zina nguvu kuliko siku 40 mfululizo, kwasababu mtu habadiliki ndani ya mwezi. Nenda wiki moja, rudi nyumbani, fanya kazi ya kula, mpigie simu kila Jumapili, rudi pale kitu kinapotaka kutokea: siku ya kununua mbao, siku ya kusimamisha nguzo, siku mke anapofungasha.

Umefanikiwa ukichukua tukio moja la dakika tatu, ukazima sauti, ukamwonyesha mtu, na akakwambia huyu anataka nini na kinachomzuia ni nini.

HATUA YA 7: MAHOJIANO, BAADAE NA MACHACHE

Weka mahojiano mwishoni. Sebastian Junger na Tim Hetherington, waandishi wawili waliokaa na kikosi kimoja cha Wamarekani bonde la Korengal huko Afghanistan kati ya 2007 na 2008, kwenye filamu yao hawakuhoji jenerali wala mwanasiasa yeyote, na yale mahojiano ya uso kwa uso ya askari waliyafanya kikosi kimesharudi kambini kwao Italia, miezi baada ya vita. Mtu akiwa amepumua ndo anajua kilichompata.

Kaa mahali pasipo na kelele, shuka nzito ukutani inasaidia kuua mwangwi. Mwombe aanze jibu kwa kurudia kiini cha swali ili sauti yako itolewe. Usiulize "ulijisikiaje". Uliza "nieleze asubuhi ile, ulikanyaga wapi kwanza?" Hisia itakuja ndani ya maelezo ya viatu na maji ya kunywa.

Mtaalamu mmoja anatosha, na ukiweza mwache kabisa.

HATUA YA 8: KILA USIKU KABLA YA KULALA

Nakala tatu, kwenye diski mbili unazosafiri nazo na moja inayokaa sehemu nyingine kabisa. Mimi nilikuwa na nakala mbili, nikaona zinatosha, zote ndani ya begi moja, begi likaondoka na mtu stendi. Humo zilikuwa picha za siku nne za msiba wa familia iliyoniamini. Msiba huwezi kuomba urudiwe, na kuwaeleza wale watu kilichotokea kulikuwa kuzito kuliko hasara yenyewe.

Kwa hiyo: nakili, fungua faili tatu au nne uhakikishe zinacheza, ndo ufute kadi. Diski moja kwako, moja kwa fiksa, ya tatu isafiri na mtu mwingine kwenda mjini. Funga diski zote kwa nywila, maana kwenye kizuizi cha barabarani hujui nani atataka kuangalia.

Afu andika kurasa mbili kwenye daftari: tukio gani, dakika ya ngapi kuna kitu, kesho nini kinaweza kutokea. Saa 60 bila kumbukumbu hutazimaliza kuzitazama.

HATUA YA 9: KUANDIKA MANENO YOTE, KWA LUGHA YAO

Sisi Waswahili tunajidanganya hapa. Tunadhani kwasababu Goma wanaongea Kiswahili basi tumeelewa. Kiswahili cha kule kimebeba Kifaransa na lugha za pale, mtu wa Tanga anashika nusu na nusu nyingine anakisia. Mpe kazi ya kuandika mtu wa palepale, alipwe kwa saa ya sauti, aandike kila neno na muda wake. Usimsahihishe mhusika kuwa Kiswahili sanifu. Weka maandishi chini ya skrini hata kwa watazamaji wa Dar na Mombasa, na uyaandike kwa Kiswahili ambacho kinabaki karibu na alivyosema.

Niligundua kwa njia hii kwamba sentensi niliyoitafsiri kwa mwaka mzima kama "tumechoka na vita" mama yule alikuwa anasema wamechoka kuulizwa kuhusu vita.

HATUA YA 10: HELA

Fupi tu. Ukishakuwa na matukio matatu mazuri tengeneza klipu ya dakika tatu mpaka tano, isiwe na muziki mzito wala sauti yako, tukio moja liache liende lenyewe. Andika kurasa mbili: nani, anataka nini, utapiga nini tena, kwanini wewe. Bajeti iwe na malipo ya fiksa, mwandikaji, edita, na yako.

Peleka kwa mfuko wa filamu wa Docubox kule Nairobi ambao wanasaidia watu wa Afrika Mashariki hasa, peleka mfuko wa IDFA Bertha wa Amsterdam, mfuko wa Hot Docs Blue Ice wa Toronto kwa watu wa Afrika kama bado unapokea maombi, soko la Durban FilmMart. Soma masharti ya mwaka husika. Utakataliwa mara nyingi. Omba maoni yao kila mara.

HATUA YA 11: UHARIRI, NA USIHARIRI MWENYEWE

Programu ya kuhariri ya DaVinci Resolve, ile ya bure, inatosha. Tengeneza nakala nyepesi za faili ili kompyuta yako isife.

Fanya hivi kabla ya kugusa programu: chukua kadi za karatasi za rangi mbili. Kijani kwa kila tukio, nyekundu kwa kila kipande cha mahojiano. Zibandike ukutani kwa mpangilio wa filamu. Toa nyekundu zote. Stori inasimama? Kama inasimama, rudisha nyekundu chache pale tu ambapo mtazamaji atapotea. Kama haisimami, jibu ni kurudi Goma, sio kuandika sauti ya msimulizi. Hapa ndo wenzangu wanateleza, wakiona shimo wanaliziba na maneno kwasababu maneno ndo ujuzi wetu.

Afu mpe mtu mwingine akae kwenye kiti. Wewe unakumbuka baridi ya siku ile, unakumbuka ulivyohangaika kupata ile picha, kwa hiyo unaipenda. Yeye anaona kilichopo tu. Mimi edita wangu alitupa alfajiri ya mlimani niliyoilalia nje usiku kucha, nikabisha siku tatu, alikuwa sahihi.

Tegemea miezi mitatu mpaka sita. Toleo la kwanza litakuwa refu na baya, ni kawaida. Waonyeshe watu watano wasio wanahabari, usiwaeleze kitu, kaa nyuma uangalie wanapogusa simu zao. Andika dakika hizo.

HATUA YA 12: YEYE AIONE KWANZA

Kabla ya tamasha, kabla ya tamasha la filamu la ZIFF Zanzibar, kabla ya yeyote aliyetoa hela, mhusika na familia yake waione filamu nzima, kwao, kwa lugha yao. Beba projekta ndogo na shuka jeupe. Kama kurudi ni hatari kwa sasa, tafuta njia waione mahali salama nje ya mji, na fiksa awe nao. Usitume faili kwenye simu, itasambaa kabla hawajaamua.

Usiwaulize kama wameipenda. Uliza vitu vitatu: kuna kilichosemwa uongo? Kuna kitakachowaletea shida na mtu? Kuna msichotaka watoto wenu waone wakiwa wakubwa? Swali la tatu ndo linaloleta majibu mengi. Mara moja niliombwa nitoe sekunde tisa za baba anaomba mkopo kwa mdogo wake. Ilikuwa kati ya picha nilizozipenda kuliko zote. Nilizitoa usiku uleule, edita akapata njia nyingine ya kuunganisha, na asubuhi yule baba akatia saini ukurasa wa mwisho wa fomu.